Familia katika filamu bubu za Kihindi

Jioni inapoingia mjini Nkubu, Imenti Kusini, wachuuzi wa ndizi wakifunga biashara na matatu za Meru na Embu zikianza kupungua barabarani, runinga huwashwa katika nyumba nyingi. Miongoni mwa vipindi visivyokosa watazamaji ni tamthilia za Kihindi zilizotiwa sauti za Kiingereza: mama mkwe asiyeridhika, mkaza mwana anayevumilia, mwana aliyenaswa kati ya mamake na mkewe, na nyumba moja kubwa ambamo kila siri hutoboka hatimaye.

Wapo wanaodhani simulizi za aina hiyo ni za majuzi, zilizoletwa na vituo vya setilaiti. La hasha. Mizizi yake ina umri wa zaidi ya miaka 100, nayo ilianza kuota wakati ambapo sinema ya India haikuwa na uwezo wa kutoa hata neno moja.

Filamu bubu ni zile zilizopigwa kabla ya kupatikana kwa ufundi wa kuunganisha picha na sauti. Wahusika walisogeza midomo, wakalia na kucheka, lakini waliyoyasema yaliandikwa kwenye vibao vilivyopitishwa katikati ya picha. India ilitengeneza filamu za aina hii kuanzia mwaka wa 1913 hadi katikati ya miaka ya 1930, na wanahistoria wamehesabu zaidi ya 1,200.

Nyingi zilihusu miungu, wafalme na mapigano ya panga. Hata hivyo, ndani ya fahari hiyo yote, kilichowatoa watazamaji machozi ni mambo ya nyumbani. Swali lililojirudia ni hili: mwanamume anapoamua kutimiza ahadi yake, imani yake au tamaa yake, ni nani nyumbani anayelipa gharama?

MFALME ALIYEMPOTEZA MKE NA MWANA

Filamu ndefu ya kwanza iliyotengenezwa na Wahindi wenyewe na kupata umaarufu ni Raja Harishchandra, kazi ya Dhundiraj Govind Phalke, anayejulikana zaidi kama Dadasaheb Phalke. Ilionyeshwa kwa waalikwa jijini Bombay (sasa Mumbai) Aprili 21, 1913, kisha ikafunguliwa kwa umma Mei 3 mwaka huo katika ukumbi wa Coronation.

Hadithi yenyewe ni ya kale na kila mtazamaji aliijua. Mfalme Harishchandra, mtu asiyesema uongo, anamkosea mtawa Vishwamitra na kulazimika kumkabidhi ufalme wake. Anaondoka ikulu pamoja na mkewe Taramati na mwana wao mdogo. Familia inatawanyika, mtoto anafariki, na mwishowe mfalme anajikuta ameshika upanga, ameamriwa kumkata kichwa mkewe aliyesingiziwa mauaji. Ndipo mungu Shiva anapojitokeza na kueleza kwamba yote yalikuwa majaribu. Mtoto anafufuliwa, ufalme unarudishwa.

Phalke hakuifungua filamu hiyo kwa vita wala kwa miujiza. Picha ya kwanza inamwonyesha baba akimfunza mwanawe kutumia upinde na mshale, mama akiwa kando anatazama. Hesabu yake ilikuwa ya busara: mtazamaji aonyeshwe kwanza familia iliyotulia, ili afahamu ni kitu gani kitakachovunjwa.

Ni vyema kutambua pia kwamba ahadi ilikuwa ya mfalme, lakini adhabu kali zaidi ilimwangukia mke na mtoto ambao hawakumwahidi mtu chochote. Filamu haikulalamikia jambo hilo. Ililionyesha tu, na kulionyesha kulitosha.

NYUMBA ILIYOGEUKA KIWANDA

Kisa cha utengenezaji wa filamu hiyo nacho ni kisa cha familia. Phalke, aliyezaliwa mwaka wa 1870, alikuwa mpiga picha na mpiga chapa. Baada ya kutazama filamu ya kigeni kuhusu maisha ya Yesu, aliazimia kuwaonyesha Wahindi miungu yao kwa njia iyo hiyo. Aliweka rehani bima yake ya maisha, akasafiri hadi London mnamo 1912 kujifunza ufundi na kununua kamera, kisha akarudi kufungua studio mtaani Dadar, Bombay.

Pesa za mkopo hazikutosha. Mkewe, Saraswatibai, alikubali vito vyake vitumiwe kugharimia kazi hiyo. Katika jamii ambamo dhahabu ya mwanamke ndiyo akiba yake pekee siku mume akifariki au akimtelekeza, hilo halikuwa jambo dogo. Isitoshe, yeye ndiye aliyewapikia waigizaji na wafanyakazi wote, akashika vitambaa vyeupe juani ili kuakisi mwanga, na usiku akasaidia kutoboa mikanda ya filamu matundu ya pembeni yanayoiwezesha kusogea ndani ya kamera. Historia ilimpa mumewe jina la baba wa sinema ya India. Saraswatibai alitajwa kwa nadra mno.

Tatizo kubwa zaidi lilikuwa la waigizaji. Wakati huo mwanamke aliyejionyesha jukwaani alihesabiwa kuwa amepotea, na hakuna baba wala mume aliyekubali aibu hiyo. Phalke alitangaza nafasi, akatafuta hata miongoni mwa wanawake wauzao miili yao, nao pia wakakataa. Mwishowe alimpata kijana mwembamba aliyekuwa mpishi mkahawani, Anna Salunke, akampandishia ujira kutoka rupia 10 hadi 15 kwa mwezi, na huyo ndiye aliyekuwa Malkia Taramati.

Inasimuliwa kwamba waigizaji waliopewa nafasi za wanawake waligoma kunyoa masharubu, kwa sababu kwa desturi yao mwanamume hunyoa masharubu anapofiwa na babake. Ilibidi wabembelezwe. Kwa upande wa mwana wa mfalme, hakuna mzazi aliyetaka mtoto wake aigize maiti, wasije wakajiletea nuksi. Phalke akamtumia mwanawe mwenyewe, Bhalchandra.

Salunke aliendelea vyema katika kazi hiyo. Mwaka wa 1917, katika filamu ya Lanka Dahan, aliigiza Rama na vilevile mkewe Sita. Mke na mume wakawa mtu mmoja, na watazamaji walijaa kumbini bila kujali.

MAMA NA BINTI

Ukuta huo ulipata ufa mapema kuliko ilivyotarajiwa. Katika filamu ya pili ya Phalke, Mohini Bhasmasur ya mwaka huo huo wa 1913, wanawake wawili walijitokeza mbele ya kamera: Durgabai Kamat na binti yake Kamlabai, aliyekuja kujulikana kwa jina la Kamlabai Gokhale. Durgabai alikuwa ametengana na mumewe, akimlea mwanawe peke yake huku akisafiri na kundi la maigizo.

Jambo hili linafaa kutiliwa maanani. Wanawake wa kwanza kuonekana katika sinema ya India hawakutoka katika familia ya aina ile iliyosifiwa na filamu zenyewe. Walitoka katika familia iliyokwisha kuvunjika, ambayo haikuwa na heshima ya kupoteza na ilihitaji chakula. Zaidi ya miaka kumi baadaye, mwaka wa 1926, Fatma Begum akawa mwanamke wa kwanza nchini humo kuongoza filamu, Bulbul-e-Paristan. Naye pia aliwaingiza binti zake katika kazi hiyo, mmoja wao akiwa Zubeida.

DENI, SHAMBA NA MKE ALIYECHOKA

Kufikia miaka ya 1920, filamu zilianza kuacha mbingu na ikulu na kuingia mashambani, mijini na jikoni. Hizi ziliitwa filamu za kijamii.

Iliyosifiwa zaidi na wahakiki ni Savkari Pash ya mwaka wa 1925, iliyotengenezwa na Baburao Painter mjini Kolhapur. Mkulima maskini anaingia katika deni la mkopeshaji riba, ananyang'anywa shamba kwa hati asizozielewa, kisha anahamia mjini kufanya kazi ya kiwanda. Kijana aliyeigiza mkulima huyo ni V. Shantaram, ambaye baadaye alikuwa mmoja wa waongozaji wakuu wa India. Hakuna Shiva anayetokea mwishoni kurudisha kitu. Msomaji wa Meru au Embu, anayefahamu jinsi kipande cha ardhi kinavyoweza kuwafikisha ndugu mahakamani, hatahitaji kufafanuliwa uzito wa kisa hicho. Shamba likienda, si mali tu iliyokwenda: watoto hukosa pa kuitwa kwao.

Mkopeshaji huyo hakufa pamoja na filamu bubu. Alirejea katika Aurat ya Mehboob Khan mwaka wa 1940, akarejea tena mwaka wa 1957 Mehboob alipoitengeneza upya hadithi hiyo kwa jina la Mother India, ambayo ilitazamwa kote Afrika Mashariki.

Filamu iliyozua mjadala mkubwa zaidi nyumbani ni Gunsundari ya Chandulal Shah, mwaka wa 1927. Bi. Gohar aliigiza mke mwema kupindukia. Kutwa nzima anahudumia nyumba, na usiku mumewe anaporudi na mashaka ya biashara, yeye amechoka, na mazungumzo yake ni ya matatizo ya nyumbani tu. Mume anaanza kutoka na kumfuata mcheza ngoma. Katika hadithi za kale mke angevumilia na kuomba hadi mume atakaporudi mwenyewe, kama Savitri aliyempokonya mumewe mikononi mwa mauti kwa uaminifu wake. Gunsundari hafanyi hivyo. Anatoka nje ya nyumba yeye pia, na kumlazimisha mumewe aone kwamba mlango anaoupitia yeye unaweza kupitwa na mke vilevile.

Wapo watakaosema filamu hiyo bado ilimtwika mke mzigo wa kumrekebisha mume, na hawatakuwa wamekosea. Lakini kwa mwaka wa 1927, kusema hadharani kwamba utiifu pekee hauijengi ndoa lilikuwa jambo zito. Filamu ilivuma mno. Shah na Gohar walianzisha kampuni yao ya Ranjit mwaka wa 1929, naye Shah aliitengeneza upya hadithi hiyo kwa sauti mwaka wa 1934.

Si zote zilizokuwa za machozi. Huko Bengal, Dhirendranath Ganguly alichekesha watu mwaka wa 1921 kwa Bilat Ferat, kuhusu kijana aliyerudi kutoka Uingereza na mawazo ya kigeni ya mapenzi yaliyowashangaza wazazi wake. Jamai Babu ya 1931 ilimcheka mkwe kutoka kijijini aliyepotea jijini Calcutta alipokwenda kwa wakweze. Mkwe mshamba ni mhusika asiyehitaji kutafsiriwa kwa lugha yoyote, Kimeru kikiwemo.

GHARAMA NJE YA PICHA

Kisa cha uchungu kuliko vyote hakimo katika hadithi yoyote iliyopigwa picha. Kusini mwa India, J. C. Daniel aliuza mashamba ili kutengeneza Vigathakumaran, filamu ya kwanza ndefu ya jimbo la Kerala, kuhusu mtoto aliyetekwa nyara na kupelekwa Ceylon, mbali na wazazi wake. Nafasi ya mwanamke mkuu alimpa P. K. Rosy, msichana wa tabaka lililodharauliwa na kuitwa najisi. Ndani ya filamu aliigiza binti wa jamii ya Nair, tabaka la juu.

Filamu ilipoonyeshwa mjini Trivandrum, sehemu ya watazamaji ilighadhabika kumwona msichana wa aina yake akijifanya binti wa nyumba ya heshima. Walirusha mawe kwenye pazia la sinema, na nyumba yao ikachomwa. Rosy alitoroka jimboni na hakuigiza tena. Daniel naye alifilisika. Jimbo la Kerala baadaye liliipa tuzo yake kuu ya sinema jina la Daniel. Rosy aliishi maisha yake yote yaliyosalia bila kujulikana.

Kwa maneno mengine, watazamaji hao walikubali kwamba mpishi wa kiume anaweza kuwa malkia, lakini hawakukubali kwamba msichana maskini anaweza kuwa binti wa tajiri.

UKIMYA ULIOJAA KELELE

Ingawa filamu ziliitwa bubu, kumbi zake hazikuwa kimya. Wapigaji wa harimoniamu na tabla waliketi karibu na pazia na kufuatisha hali ya picha. Aliyejua kusoma alivisoma vibao kwa sauti ili majirani wasikie, na mara nyingine msimulizi alisimama kando kueleza kinachoendelea, maana si wengi walioweza kusoma. Baadhi ya kumbi zilitenga viti vya wanawake, na hivyo mama na mabinti waliweza kutoka nyumbani bila lawama. Serikali ya kikoloni ilipounda kamati ya kuchunguza sinema mwaka wa 1927, chini ya uenyekiti wa T. Rangachariar, mashahidi 353 walihojiwa, na athari za picha za kigeni kwa maadili ni miongoni mwa mambo yaliyochunguzwa.

Wakenya wanaijua desturi hiyo ya msimulizi kwa sura nyingine. DJ Afro alijipatia umaarufu kwa kusimulia filamu za kigeni, za Kihindi zikiwemo, kwa Kiswahili cha mitaani chenye utani mwingi, na kanda zake zilitazamwa katika vibanda vya video vya miji mikubwa na midogo. Mhusika anasema moja, msimulizi anaongeza matatu. Yule aliyesimama kando ya pazia Bombay miaka ya 1920 angemtambua mara moja kama mwenzake.

KUVUKA BAHARI

Sinema ilifika pwani ya Afrika Mashariki mapema. Mjini Zanzibar, mfanyabiashara Hassanali Adamji Jariwalla alikuwa miongoni mwa waanzilishi wake, na jumba la Royal lilifunguliwa mwaka wa 1921 kwa mchoro wa msanifu J. H. Sinclair. Kufikia miaka ya 1930, picha za Kihindi zilikuwa na wapenzi Zanzibar, Mombasa na Nairobi, na si Wahindi peke yao. Maonyesho maalumu ya wanawake yaliwapa akina mama wa Zanzibar nafasi ya kwenda sinema bila kukiuka desturi za staha.

Watu waliozipokea picha hizo walikuwa na sababu zao. Wahindi wapatao 32,000 waliletwa kujenga reli ya Uganda kati ya 1896 na 1901. Wengi wao walirudi kwao, lakini wafanyabiashara waliowafuata walifungua maduka hadi bara, mji wa Meru ukiwa mmojawapo. Aghalabu mume alitangulia na mke akafuata miaka kadhaa baadaye. Kwa watu kama hao, familia iliyotawanywa na safari haikuwa hekaya.

Waafrika wa mashambani walifikiwa na sinema kwa njia tofauti. Kati ya 1935 na 1937, mradi wa majaribio wa filamu za elimu wenye makao Vugiri, Tanganyika, ulitengeneza filamu na kuzizungusha kwa gari katika nchi kadhaa, Kenya ikiwa mojawapo. Hizo nazo zilipigwa bila sauti, na maelezo yakachezwa kwa santuri katika lugha za wenyeji. Zilifunza kilimo, usafi na kuweka akiba posta. Tofauti yake na zile za Phalke au Shah iko wazi: mradi wa serikali ulimtazama mzazi Mwafrika kama mwanafunzi, ilhali sinema ya Bombay ilimtazama mzazi wa Kihindi kama mtu mwenye majuto, deni na moyo. Si ajabu kwamba, tangazo na mafunzo yalipokwisha, watu wa huku walizipenda za Bombay.

KILICHOSALIA

Sauti ilifika India Machi 14, 1931, filamu ya Alam Ara ilipozinduliwa katika ukumbi wa Majestic, Bombay. Nyota wake wa kike alikuwa Zubeida, yule binti wa Fatma Begum. Ndani ya miaka mitatu au minne filamu bubu zilikuwa zimekwisha, na waigizaji wasiojua Kihindi sanifu walijikuta hawana kazi.

Uharibifu uliofuata ulikuwa mkubwa. Mikanda ya wakati ule ilitengenezwa kwa nitrati, kemikali inayoshika moto upesi na kuoza katika joto. Mingine iliuzwa ili madini ya fedha yaliyomo yachujwe. India ilianzisha hifadhi yake ya taifa ya filamu mjini Pune mwaka wa 1964 tu, na mkusanyaji wake mashuhuri, P. K. Nair, alizunguka nchi nzima akitafuta masalio katika maghala na nyumba za familia za watengenezaji. Moto wa mwaka wa 2003 uliteketeza sehemu ya mikanda ya nitrati iliyokuwa imehifadhiwa mjini humo. Kati ya filamu zote zile zaidi ya 1,200, zilizobaki, nzima au vipande, ni chache mno.

Raja Harishchandra yenyewe ilikuwa na sehemu nne. Ya kwanza na ya mwisho ndizo zilizopo, na wanahistoria wengi huamini kwamba hata hizo ni za toleo ambalo Phalke alilipiga upya mwaka wa 1917. Iliyonusurika vizuri zaidi ni Kaliya Mardan ya 1919, kuhusu utoto wa mungu Krishna. Aliyeigiza Krishna ni binti yake Phalke, Mandakini, mwenye umri wa miaka 7. Kabla ya hadithi kuanza, kamera inatua usoni mwa mtoto huyo akiwa bado hajavaa uungu wowote, naye anacheka, ananuna, anashangaa, kisha uso wake unayeyuka polepole na kuwa wa Krishna.